Ombi la Kurudishiwa Mke Wangu Katika Hali Niliyompeleka Meksiko

Etobicoke, Toronto
Jumanne, 27 Machi 2012

Kwako Ndugu Mhariri wa jarida la Umoja wetu,

YAH: MALALAMIKO DHIDI YA SAFARI YA SIKU MOJA YA MAGOFU, KUOGELEA NA UFUKWE

Natumaini barua hii inakukuta mzima, na kwamba theluji ya mlangoni kwako imekwisha kuyeyuka. Sisi wa ghorofa ya kumi na moja hatujambo, isipokuwa kwa mambo nitakayoyaeleza.

Mimi ni msomaji wako tangu jarida lilipokuwa karatasi mbili zilizobanwa kwa pini. Jina langu ni Rosario Mascarenhas, Mgoa mzaliwa wa Tanga, karani wa bohari ya reli kule nyumbani, kisha karani wa mafaili ya bima hapa Toronto mpaka nilipostaafu. Ukarani umenifundisha kwamba lalamiko lisilo na namba halisomwi, kwa hiyo ya kwangu nimeyawekea namba.

Ninayemlalamikia ni Bwana Januari, ambaye wasomaji wako wanamjua kwa tangazo lake la ukurasa wa mwisho, lile lenye mnazi. Kila Februari hukusanya watu wetu akawapeleka Meksiko kwa wiki moja, na ndani ya wiki hiyo kuna siku ya matembezi na kiongozi. Binti yetu Joanne alitupa safari hiyo kama zawadi ya kutimiza miaka arobaini na mmoja ya ndoa, mimi na mama yake, Edwina. Kipeperushi kilisema, nanukuu: "Siku moja tu: magofu ya Wamaya, kuogelea na ufukwe. Utarudi mtu mpya." Nilikisoma mara mbili na sikuona hatari yoyote. Sasa naona kwamba kipeperushi hakikutaja ni nani atakayerudi mtu mpya.

1. Magofu. Nasema kwa nia njema kwamba magofu yale ni mabovu. Hakuna hata jengo moja lenye paa. Tulibandikwa vibandiko vya kijani vifuani ili tusichanganywe na watu wa basi jingine, tukapewa dakika arobaini kwa ajili ya mji mzima wa kale, kisha saa nzima kwa ajili ya duka la vikumbusho lililo mlangoni. Kupanda ngazi za hekalu ni marufuku, kuketi ukutani pia marufuku. Lakini mijusi mikubwa kama kenge ilikuwa imejilaza juu ya kuta zote. Nilipouliza kwa nini mjusi anaruhusiwa na mstaafu mwenye magoti mabaya haruhusiwi, kiongozi alinijibu kwamba mijusi ni wenyeji.

Hapo ndipo Edwina aliponikumbusha kwamba magofu ya Tongoni hayakuwa mbali na nyumba yetu ya Tanga, kwamba aliniomba twende kuyaona miaka yote mitatu tuliyokaa pale, na kwamba kila mara nilimjibu hakuna cha kuona kule ila mawe. Sijui kwa nini aliona lazima aliseme hilo mbele ya watu thelathini.

2. Wamaya. Kiongozi alitutangazia kwa kipaza sauti ndani ya basi kwamba watu waliojenga mji ule walitoweka, na mpaka leo hakuna anayejua walikokwenda. Tulisikitika sana. Bi Goretti wa Thorncliffe Park, aliyekuwa kiti cha mbele yangu, alitoa leso.

Sasa Edwina alifundishwa Kireno na bibi yake, na Kihispania si mbali na Kireno. Alikuwa ameketi nyuma ya dereva, mtu mzima mpole anayeitwa Bwana Canul, akaanza kuzungumza naye. Ikabainika kwamba Bwana Canul ni Mmaya. Mama yake ni Mmaya, mkewe ni Mmaya, na nyumbani kwao lugha ni hiyohiyo. Edwina akamuuliza walikwenda wapi. Akajibu kwamba wengine hajui, lakini yeye asubuhi ile alikwenda kujaza mafuta. Na kuhusu dunia kwisha Desemba hii, eti kwa kalenda ya Wamaya, jambo ambalo duka lile limelichapisha kwenye fulana na vikombe, alisema hana taarifa. Ndoa ya binti yake imekwisha kuandikishwa kanisani kwa Januari ijayo, na padri hakupinga.

Ndugu Mhariri, tumeuziwa watu waliotoweka, kisha tukaendeshwa nao. Naomba Bwana Januari achague moja.

3. Picha. Tuliposimama njiani palikuwa na mama mmoja anachoma chapati za mahindi nje ya nyumba yake. Sote tulishuka na kamera. Bi Goretti alipiga picha tisa, mimi nne. Hatukuomba ruhusa, kwa kuwa nimeona watalii hawaombi, nami nilitaka kufuata utaratibu. Mama yule akatugeuzia mgongo, na picha zangu zote nne ni za mgongo. Nalalamika rasmi.

Mwaka 1958 mtalii mmoja aliyeshuka melini aliingia uani kwetu Tanga akampiga picha mama yangu akianika nguo. Mama alimmwagia ndoo ya maji ya sabuni, ikamlowesha viatu na kamera, na mimi nilimpigia makofi. Sioni uhusiano wa mambo haya mawili. Edwina anauona, na ameniomba niuandike, nami nimeuandika.

4. Kuogelea. Hapa naomba usome polepole.

Baada ya magofu tulipelekwa msituni, kwenye shimo kubwa la maji lililozungukwa na mwamba. Ngazi za mbao zinashuka hadi majini, na maji ni maangavu hivi kwamba unaona mawe ya chini kabisa na kushindwa kujua yako umbali gani. Tuliambiwa tuvae majaketi ya kuelea. Nilivaa langu, la rangi ya chungwa, nikaketi kwenye benchi lililo mbali na maji na kumwekea Edwina nafasi. Kisha nikamweleza kiongozi kwamba mke wangu anaogopa maji, kwamba tangu tuoane hajaingia maji yanayopita magoti, na kwamba asishawishiwe. Nimewaeleza watu hivyo miaka arobaini na mmoja. Kila rafiki aliyetualika ziwani wakati wa kiangazi nilimjibu hivyohivyo, na hakuna aliyewahi kubisha.

Edwina alinisikiliza mpaka nikamaliza. Akavua miwani, akaiweka ndani ya mkoba, akaniambia, "Rosario, shika mkoba."

Nikaushika. Alishuka ngazi na gauni lake la maua, bila jaketi. Niliinuka nimwite, lakini kabla sijafungua kinywa alikwisha kujitupa, kichwa mbele, mikono imenyooka, mwanamke wa miaka sitini na mitatu mwenye wajukuu wanne. Maji yakafunga juu yake. Nilihesabu. Sikujua ninahesabu nini, ila nilifika kumi na tisa. Aliibuka upande wa pili kabisa, akashika mwamba, akageuka na kurudi taratibu, mkono mmoja baada ya mwingine, bila kurusha maji. Watu wa vibandiko vya kijani na wa vibandiko vya manjano wote walisogea ukingoni kutazama. Mimi nilikuwa nimesimama na mkoba wa kike begani.

Alipotoka nilimuuliza, kwa upole kadiri nilivyoweza, amejifunza wapi mambo haya.

Akasema, "Raskazone, pwani ya Tanga. Kabla yako. Nilikuwa nawashinda wavulana wote hadi kwenye boya."

Nikamuuliza kwa nini hakuwahi kuniambia.

"Nilikuambia. Wiki ya kwanza ya ndoa niliaga nakwenda kuogelea. Mama yako akasema mke wa nyumba hii haonyeshi miguu baharini. Ulikuwepo, unasoma gazeti. Ukasema, 'Mama anasema kweli,' ukafungua ukurasa mwingine."

Ndugu Mhariri, silikumbuki gazeti hilo. Nimejaribu. Akaendelea kusema kwamba anayeogopa maji katika nyumba yetu si yeye. Ni mimi, ambaye nilitolewa majini nikiwa na miaka saba na sijarudi tena. Na kwamba kwa miaka yote hii alikuwa akisikia hofu yangu ikitajwa kwa jina lake, akanyamaza ili nisiaibike. Hayo ni maneno yake. Alikuwa akikamua gauni huku akiyasema, na hakuwa na hasira, jambo ambalo lilinisumbua zaidi.

Nauliza: je, haya yalikuwa kwenye kipeperushi?

5. Ufukwe. Ratiba ilisema nusu saa. Nusu saa ilipokwisha watu wote walirudi kwenye basi wakiwa na mchanga masikioni, isipokuwa mmoja. Alikuwa mbali, kichwa tu, anapanda na kushuka na mawimbi. Nilimwita mara tatu. Mara ya tatu aliniinulia mkono, kama mtu anayemsalimu jirani. Nilimwomba Bwana Canul apige honi. Alizima injini, akajibu, na kiongozi akatafsiri, kwamba barabara bado ipo na yeye hana haraka. Tukangoja dakika ishirini na tano. Hakuna abiria aliyelalamika ila mimi, na ndiyo maana nalalamika sasa kwa niaba ya wote.

6. Hali ya sasa. Nilidhani mambo ya Meksiko yatabaki Meksiko. Tangu turudi, kila Jumanne na Alhamisi Edwina huenda kwenye bwawa la kuogelea la manispaa. Leo ni Jumanne, na naandika peke yangu. Kwenye mlango wa friji kuna karatasi: "Dengu ziko ndani. Jiko huwashwa kwa kugeuza kulia." Anarudi saa nane, nywele zimelowa, ananukia dawa ya bwawa, na anakula kama mpagazi. Analala usingizi mzito. Zamani nilikuwa namsikia akigeukageuka kitandani nikadhani ni umri.

Nilimpigia simu Joanne anisaidie kumrudisha mama yake kwenye utaratibu. Joanne anakisikia Kiswahili vizuri lakini maisha yake yote ametujibu kwa Kiingereza. Safari hii alijibu kwa Kiswahili ili nisije nikasingizia kwamba sikuelewa: "Baba, acha."

Na ugonjwa unaenea. Bi Goretti sasa anafundishwa na Edwina, pamoja na akina mama wengine wanne wa parokia. Juzi mumewe, Bwana Onesphore, alinipigia kuniuliza dengu hupashwa moto kwa dakika ngapi. Leo ni dengu. Kesho wake zetu wataanza kukumbuka mambo mengine waliyokuwa wakiyafanya kabla yetu: kuna aliyeimba, kuna aliyecheza mpira wa pete, kuna aliyetaka kusoma uhandisi. Wakikumbuka yote kwa pamoja, nani atabaki nyumbani kutuambia sisi ni wakuu wa nyumba?

Kwa hiyo naomba, kwa heshima na taadhima:

(a) Bwana Januari anirudishie mke wangu katika hali niliyompeleka, yaani mkavu.

(b) Ikishindikana, kipeperushi kiongezewe onyo kwa herufi kubwa kwamba wake walio na zaidi ya miaka thelathini ya ndoa wapelekwe kwenye magofu peke yake, ambako kila kitu kimeshaanguka na hakuna kinachoweza kuharibika tena.

(c) Umoja utoe tamko kwamba mambo yaliyosemwa nyumbani mwaka 1971, huku mtu akisoma gazeti, hayatahesabiwa.

Nakutakia kazi njema. Nisalimie Mama watoto wako, mweka hazina, kwaya yote, na yule bwana anayepanga viti, ambaye jina lake hunipotea. Msalimie pia Bwana Januari; simchukii, namlalamikia tu.

Ni mimi mwanachama mtiifu,

Rosario Mascarenhas

Nyongeza, Ijumaa 13 Aprili: Utaona kwamba barua hii imechelewa. Nilikuwa nimeifunga, lakini jana ilinyesha mvua ya barafu, Joanne hakuweza kuja na gari, na Edwina akasema atakwenda bwawani kwa basi hata hivyo. Nilimsindikiza ili asiteleze. Kule ukumbini palikuwa na joto na benchi lilikuwa limelowa, kwa hiyo hapakuwa na mahali pa kukaa. Akanikodia kaptula. Nasisitiza kwamba nilishuka kwenye upande wa kina kifupi, wanakofundishwa watoto, na kwamba nilishika ukingo kwa muda mrefu. Kisha akaniambia nilale chali, naye ataniwekea mkono chini ya mgongo. Akasema, "Legeza shingo, Rosario." Nikalegeza. Tukazungumza habari za wajukuu, za bomba la jikoni, za kama twende Tanga mwakani tukiwa bado na magoti. Usichapishe malalamiko yangu, tafadhali, hata lile la mijusi. Edwina anasema aliuondoa mkono wake mapema sana, tangu tulipokuwa kwenye bomba la jikoni. Mimi sikujua.