Waziri Kivuli Katika Wodi ya Wazazi

Jumatatu, 4 Agosti

Adelaide. Baridi ya kukata masikio. Kikao cha Baraza Kivuli asubuhi, sote na makoti. Hita ya chumba chetu ilikufa mara tu tuliposhindwa uchaguzi, na Serikali haina haraka ya kutengenezea upinzani hita.

Kiongozi wetu, Coralie Schirmer, ametangaza kwamba Ijumaa atapanga upya mawaziri vivuli. Moyo wangu uliruka! Mimi Leith Hannaford ni waziri kivuli wa uvuvi, magereza na mbio za farasi. Hakuna anayenipigia simu ila wavuvi, nao hunipigia kunitukana.

Nataka wizara kivuli ya Afya. Mwenye Afya yuko kwenye televisheni kila jioni. Tatizo: mwenye Afya ni Con Vlahos. Kijana mtanashati, mpole, mchapakazi. Simpendi hata kidogo.

Mchana nilikula pai ya nyama iliyozamishwa kwenye supu ya njegere. Tumbo linasokota tangu jana. Mke wangu, Marlene, anasema nimwone daktari. Nimemwambia mwanasiasa haugui wiki ya kugawana vyeo.

Jumanne, 5 Agosti

Nimepata mpango. Mpango mtamu!

Serikali inataka kufunga wodi ya wazazi ya hospitali ya Port Gribble, mji mdogo huko rasini. Wajawazito wa huko watalazimika kusafiri saa mbili barabarani, gizani, huku kangaruu wakiwarukia mbele ya gari. Con analipigia kelele jambo hili tangu Machi. Hasikilizwi. Kwa nini? Kwa sababu Con hana maigizo.

Mimi ninayo. Kesho nitaingia pale kama raia wa kawaida, nimeshika tumbo, naugulia. Nitasahauliwa kwenye benchi nusu ya siku. Kamera zitanikuta hapo, kijivu kwa mateso. Ijumaa Coralie atanipa Afya, atake asitake.

Nimempigia mtangazaji wa televisheni, Shae Lindqvist. Akauliza kama Con atakuwepo. Nikasema Con ana shughuli nyingi, maskini.

Katibu wangu, Beryl, akauliza: je, wakinihudumia mara moja? Nikacheka. Hospitali ya Serikali hii! Beryl ni mama mwema, lakini siasa haijui.

Jumatano, 6 Agosti (naandika kwa shida)

Walinihudumia mara moja.

Sikupata hata dakika ya kukaa. Mkunga mmoja mnene, mashavu mekundu, Noelene Trezise, alinikuta mlangoni nikiugulia vizuri sana. Alikuwa amekuja kusaidia mapokezi kwa sababu wenzake wameangushwa na mafua.

"Njoo hapa, kipenzi," akasema. "Wewe si yule bwana wa farasi?"

Nikakubali kwamba ndiye. Akanilaza. Akaniuliza panauma wapi. Nikashika upande wa kushoto, nikakunja uso kama nilivyofanya mazoezi kwenye kioo cha gari.

Akabonyeza kushoto. Nikalia kwa ustadi. Halafu akabonyeza kulia.

Mama yangu! Niliona nyota mchana kweupe. Sauti iliyonitoka haikuwa ya maigizo. Nadhani haikuwa hata ya binadamu.

"Bwana wee," akasema Noelene, na utani ulikuwa umemtoka usoni, "unashika kushoto na ugonjwa uko kulia. Huujui hata mwili wako?"

Akamwita daktari. Dakta Weerasinghe, mpasuaji anayezunguka hospitali za mashambani, alikuwa hapo leo tu. Mikono yake midogo, sauti yake ya chini. Akasema ni kidole tumbo, na kiko karibu kupasuka. Nikamwambia hapana, daktari, ni pai. Akasema pai haina hatia.

Nikamwambia nina miadi na televisheni. Akamwambia Noelene anivue viatu.

Nilipokuwa nasukumwa kitandani kwenda chumba cha upasuaji, niliogopa. Naandika ukweli. Sikuwaza Afya wala Con. Nilimwaza Marlene, jinsi nilivyomjibu Jumatatu. Noelene alinishika mkono mpaka nikalala usingizi wa dawa.

Alhamisi, 7 Agosti

Niko hai! Jua dirishani. Sijawahi kuona jua zuri hivi, na ni jua bovu la Agosti.

Vitanda vyote vimejaa wenye mafua, isipokuwa vya wodi ya wazazi. Kwa hiyo nimelazwa chini ya picha ya bata mwenye vifaranga, na kengele yangu ya kuitia wauguzi imeandikwa MAMA. Dakta Weerasinghe amepita. Anasema ningebaki nyumbani siku moja zaidi, leo Marlene angekuwa anachagua maua ya kaburi langu. Nililia. Akanipigapiga begani, akasema nisilie, mshono utavutika.

Marlene amefika. Hakunigombeza. Amenibusu kwenye paji la uso, kisha akasema, "Mwanasiasa haugui, eti?" Basi. Namshukuru Mungu kwa mwanamke huyu.

Kisha, nani mlangoni? Con Vlahos! Ameendesha gari kutoka mjini, na supu ya kuku yenye ndimu na mayai aliyopika mama yake. Kumbe wauguzi wote wanamjua kwa jina. Amekuwa akija hapa mara kwa mara, bila kamera, kuwasikiliza. Akanilisha supu kwa kijiko kama mtoto. Nikamtafutia kosa, nikakosa. Supu yenyewe, lo!

Mchana, purukushani. Mke wa mkulima wa ngano ameletwa, uchungu umembana, mvua barabarani. Noelene alipita mbio, akanifokea nisibonyezebonyeze kengele yangu. Mimi, Marlene na Con tukawa tunasikia kelele upande wa pili wa ukuta. Mkulima mwenyewe alisimama ukumbini na tope magotini, kofia mkononi, akisema peke yake kwamba wasingefika. Huko kwingine, saa mbili barabarani, wasingefika.

Halafu mtoto akalia. Con alifuta macho. Mimi sikufuta, niliyaacha yatiririke.

Ndipo Shae Lindqvist akaingia na kamera yake, siku moja nzima amechelewa. Nilikuwa na hotuba nimeikariri. Ikatoweka yote. Nikasema tu kwamba watu hawa wameniokoa, kwamba nyuma ya ukuta huu kuna mtoto anapumua kwa sababu yao, na kwamba atakayefunga wodi hii aje anifunge mimi kwanza. Kisha nikainuka kuwaonyesha mlango wa chumba cha uzazi, nikasahau kwamba gauni la hospitali liko wazi nyuma.

Ijumaa, 8 Agosti

Jimbo zima limeona makalio yangu. Gazeti: WAZIRI KIVULI AJIFUNGUA SALAMA. Wavuvi wamenipigia. Kwa mara ya kwanza hawakunitukana. Hawakuweza, walikuwa wanacheka.

Lakini! Watu wamecheka, kisha wamekasirikia kufungwa kwa wodi. Simu zimemiminika kwa Waziri wa Afya tangu alfajiri. Saa sita ametangaza kwamba wodi haitafungwa. Noelene alisikia redioni, akaketi kitandani kwangu, juu ya mguu wangu, akalia. Sikuuondoa mguu.

Jioni Coralie amepiga simu. Con amemwambia kwamba yeye alihangaika na jambo hili miezi, na mimi nimelimaliza kwa siku mbili bila suruali. Basi Afya nipewe mimi. Nimepewa! Con amepewa Fedha.

Nilimpigia kumshukuru. Akasema, "Pona kwanza, kaka. Mama anauliza kama supu ilitosha chumvi."

Jumapili, 10 Agosti

Nyumbani. Blanketi, chai, Marlene anasoma karibu nami. Nimejawa na shukrani. Kwa Dakta Weerasinghe, kwa Noelene, kwa yule mtoto (wamemwita Leith, ingawa ni msichana). Na kwa Con kuliko wote.

Nimetafakari sana somo la wiki hii. Nisingejifanya mgonjwa, ningekuwa maiti. Ni wazi kabisa: hila huokoa maisha.

Sasa namfikiria Con. Fedha ni mzigo mzito kwa kijana mwema namna ile. Hesabu, mabenki, usiku bila usingizi. Rafiki wa kweli hawezi kukaa akitazama tu bila kumtua mzigo huo. Jumanne kuna kikao cha bajeti. Nimemwomba Marlene anitafutie magongo mawili ya kutembelea, na kamera nimeshaziita.