Kumbukumbu za Kikao Kisichofanyika

Jumatatu, 6 Mei
Leo tena! Mchuzi mtupu. Nimehesabu maharage sahanini: manne. Moja lilikuwa ganda. Mwalimu wa michezo kapita mbele yangu na sahani iliyojaa, akanitakia mlo mwema. Mlo mwema! Mimi ndiye karani wa shule hii, muhuri uko kwangu. Mpishi ana upawa tu, na miaka kumi na miwili jikoni imemvimbisha kichwa. Lazima aondoke. Shemeji yangu anajua kupika, na ananiheshimu.

Jumanne, 7 Mei
Nimeandikia kamati ya chakula barua ya malalamiko. Nimesaini "Mzazi Mwenye Uchungu". Kisha nikaipokea mwenyewe, nikaigonga muhuri, nikampelekea Mwalimu Mkuu, mwenyekiti wa kamati, kwa sura ya masikitiko. Kasema kikao ni Alhamisi, na mpishi asikilizwe kabla ya lolote kuamuliwa. Nikamwambia tutapoteza muda. Kasema ni haki yake, hata angekuwa amemwaga sufuria nzima.

Mke wangu kaniuliza kama nimewahi kumuuliza mpishi sababu. Haelewi mambo ya utawala.

Jumatano, 8 Mei
Katibu wa kamati ni mimi, na kuandika huku watu wanazungumza kunaniumiza kichwa. Kwa hiyo kumbukumbu za kesho nimeziandika leo. Zimetoka vizuri mno. Mpishi alipewa nafasi ya kujitetea, akakosa la kusema. Aliachishwa kazi kwa kauli moja. Katibu alipongezwa kwa uadilifu wake. Kikao kilifungwa saa tisa na nusu.

Hapo kwenye pongezi nimeparudia mara tatu.

Alhamisi, 9 Mei
Balaa! Kikao huanza kwa kusomwa kumbukumbu za kikao kilichopita. Nikachomoa karatasi kwenye faili, nikamkabidhi Mwalimu Mkuu. Karatasi siyo! Ni ile niliyoiandika jana. Kaisoma yote, kwa sauti ileile anayoitia majina asubuhi. Saa ya ukutani ilikuwa saa nane na dakika tano. Mpishi akanyoosha mkono. Akaomba, kwa heshima zote, aelezwe alikosa la kusema saa ngapi, maana ndiyo kwanza anakaa. Hakuna aliyecheka. Afadhali wangecheka.

Akapewa nafasi. Kasimama na aproni yake, akasema ana watoto watatu wanaosoma hapahapa na kazi nyingine hana. Kisha akatoa tangazo alilolibandua kwenye mlango wa jiko: wafanyakazi wapakuliwe baada ya wanafunzi wote. Sahihi yangu. Muhuri wangu. Mwalimu wa michezo yuko zamu wiki hii, anakula pamoja na wanafunzi. Mimi hufika wa mwisho, na mpishi hunikwangulia sufuria ili nisikose kabisa.

Niliona aibu. Aibu ya kweli. Ilidumu mpaka kwenye ngazi.

Ijumaa, 10 Mei
Leo nimeshitakiwa mimi. Mjumbe mmoja, fundi cherehani, alitaka nivuliwe ukatibu papo hapo, bila maneno. Nikaruka! Nikapiga meza, nikasema haki ya kusikilizwa ni ya kila mtu. Aliyeniunga mkono ni mpishi peke yake. Kasema jana alikaa kwenye kiti akisomewa hukumu yake kabla hajafungua mdomo, na hilo hamtakii mtu.

Nikasikilizwa dakika arobaini. Kwenye dakika ya kumi nikakiri kwamba Mzazi Mwenye Uchungu ni mimi. Hakuna aliyekuwa ameniuliza.

Uamuzi: ukatibu basi. Wiki mbili nipakue chakula, chini ya usimamizi wa mpishi. Wamempa mwalimu wa michezo ukatibu. Nimekata rufaa.

Jumatatu, 13 Mei
Nimepakua. Bega limekwisha. Wanafunzi mia tatu, na kila mmoja anadai nimempunja! Nimewaambia sina muda wa kusikiliza malalamiko.

Mwishoni mpishi kanitolea sahani aliyoniwekea pembeni. Imejaa maharage. Kasema anayepakua hali mchuzi mtupu. Nimekula yote, nikamshukuru, na nilimaanisha.

Rufaa yangu ni Alhamisi. Mwalimu wa michezo ana mwandiko mbaya sana, nikamwonea huruma. Kumbukumbu nimeshamwandikia. Rufaa ilikubaliwa kwa kauli moja. Mpishi alipewa nafasi, akakosa la kusema. Muhuri nimeshagonga.