Zipo Zote, Hata Nyumba Iungue

Jumatatu, 3 Machi

Mdogo wangu kapiga simu. Anakuja Jumamosi. Tangu mashine ya kiwandani imbane mkono wa kulia hajatoka kwake. Sasa daktari kamwambia vidole visipozoezwa vitakakamaa kama vya sanamu. Kapewa mpira mdogo wa kubinya. Anasema ule mpira unamchosha roho kabla ya mkono. Kisha akauliza, kwa sauti ileile ya utotoni ya kuomba nusu ya muwa: "Kaka, zile gemu zetu bado zipo?"

Ningeweza kusema zipo, ndani ya katoni chini ya kitanda. Ingetosha. Lakini ulimi wangu ukishaanza safari hauna breki. Nikamjibu zipo zote, nimeshazihifadhi kidijitali, hata nyumba iungue. Akauliza tena: "Hata ile ya magari?" Nikasema hiyo ndiyo niliyoanza nayo.

Akacheka. Sijamsikia akicheka tangu ajali.

Gemu hizo tulizinunua wote wawili, kwa kubeba kokoto likizo nzima. Yeye alibeba zaidi. Mimi nilisimamia.

Jioni nimeivuta katoni. Panya wamezaa ndani ya mashine ya kuchezea. Waya wa umeme wameutafuna hadi shaba. Mashine marehemu. Sidii zenyewe zipo, ila zimekwaruzika kana kwamba zimepigiwa deki. Nikaifuta moja kwa kiwiko. Ikawa mbaya zaidi.

Hakuna shida. Mimi ndiye niliyewahi kutengeneza redio kwa kijiko. Ilikamata stesheni moja tu, lakini kwa nguvu.

Jumanne, 4 Machi

Iko njia ya kitaalamu ya kuondoa mikwaruzo: dawa ya meno. Nimeelezwa na mtu aliyeelezwa na mtu. Nikapaka, nikasugua kwa kuzungusha, kwa nguvu za kiume. Chumba kikanukia kama mdomo wa bwana harusi. Sidii ya mpira wa miguu nimeisugua vizuri sana, sasa naliona dirisha kupitia humo.

Mama watoto kaja kupiga mswaki, kakuta tyubu imekamuliwa hadi shingoni. Akauliza dawa imekwenda wapi. Nikamwambia iko kwenye gemu. Akasema siku akifa niandike kaburini kwamba alijitahidi.

Akashauri tumwite kaka yake, yaani shemeji yangu, fundi wa kompyuta pale kona. Mtaa mzima humwita Injinia. Mimi humwita Kijana wa Waya. Tena nimeapa mbele ya ukoo kwamba siku nikimwita Injinia, jua lichomozee chooni. Nikamjibu mke wangu kuwa simba haombi nyama kwa paka.

Jumatano, 5 Machi

Kompyuta ya binti yangu ni nyembamba kama sahani na haina pa kutilia sidii. Nimekagua pande zote nne na tumboni. Palikuwa na mwanya mmoja wa kutia matumaini. Binti kanipokonya kabla sijasukuma. "Baba, hapo ni pa kutolea joto."

Nikahamia kazini. Stoo yetu ya vifaa vya ujenzi ina kompyuta ya zamani, yenye kisahani kinachotoka kama ulimi wa mgonjwa mbele ya daktari. Ndimo yalimo mahesabu yote ya misumari, saruji na mabati. Wenzangu walipokwenda kula, nikaanza. Sidii ndani. Kwenye kioo pakatokea kipicha cha sidii. Nikakibana kwa kipanya, nikakikokota hadi kwenye flashi, nikakiachia. Kimeingia! Kufumba na kufumbua. Ya pili, vivyo hivyo. Soda yangu haijaanza kupata joto, sidii zote zimo ndani ya kitu kisichozidi kidole gumba.

Bosi akatokea nyuma yangu. Mama yule ana mwendo wa paka. Akauliza nafanya nini. Nikasema nahifadhi mahesabu ya stoo, maana kompyuta hii ni kikongwe, siku yoyote itatuaga. Akanitazama kwa heshima. Akasema kumbe nina akili, hakuwa na habari. Nikamwambia wengi hawana habari.

Jioni nikapita kwa shemeji makusudi, nikaitikisa flashi mbele ya pua yake. Akasema haiwezekani, sidii moja tu humchukua robo saa. Nikamwambia fundi na fundi hawalingani.

"Haraka haraka haina baraka, shemeji."

Nikamjibu kuwa aliyeitunga methali hiyo hakuwa na flashi.

Alhamisi, 6 Machi

Ndege wanaimaliza bustani ya mama watoto. Nikawaza: sidii sasa ni maganda matupu, utamu wake nimeshautoa. Nikazitia kamba. Tundu tayari lipo katikati, aliyezibuni alinifikiria mimi. Nikazitundika juu ya matuta ya mboga. Zikazunguka, zikamulika kama macho ya chui. Hakuna ndege aliyethubutu. Mke wangu kanisifia. Hata tulipooana hakunisifia hivyo. Nikabaki uani nikijifanya nakaza kamba, huenda akasifia tena.

Shemeji kaja kula chakula cha jioni. Alipomaliza kunawa akaomba aione hiyo flashi, eti ajifunze. Akaichomeka kwenye kompyuta ya binti. Akafungua kipicha kimoja, akafungua kingine. Kisha mabega yakaanza kumtikisika. Hakuwa analia.

Anasema sikunakili chochote. Vile vipicha ni vya kuonyesha njia tu, kazi yake ni kuiambia kompyuta ikaitafute sidii ilipo.

"Shemeji, umeng'oa vibao vya maduka ukavileta nyumbani. Maduka yenyewe umeyaacha sokoni."

Mke wangu akamwomba arudie. Akarudia. Binti akacheka hadi akapaliwa na maji.

Nikawaambia nilikuwa nawapima.

Ijumaa, 7 Machi

Asubuhi nimetuma ujumbe kazini kwamba naumwa. Si uongo. Heshima inauma.

Uani sidii zimelowa umande. Ndege mmoja kakaa juu ya ile ya mieleka, na kaiachia zawadi. Nimezifungua moja moja. Ile ya magari haipo. Kamba inaning'inia peke yake, imekatwa kwa kisu.

Mama watoto kaeleza bila wasiwasi wowote. Muuza mikate aliipenda, wakabadilishana. Mkate ndio ule niliotoka kuula. Tena niliusifia.

Nikatoka mbio. Nikamwona muuza mikate mbele ya duka la dawa, kaifunga sidii nyuma ya baiskeli yake imulike magari yasimgonge. Nikaita. Akadhani nataka mkopo wa mikate kama kawaida yangu, akakanyaga pedali. Nikamfukuza. Ndala ya kushoto ikabaki kwa kinyozi. Sidii ya mashindano ya magari ikawa kwenye mashindano, na mimi nashika mkia. Watu wakajipanga kando kushangilia. Wengi walikuwa upande wa baiskeli.

Kilichomsimamisha ni mnyororo kuchomoka. Nikisimulia nitasema nilimfikia.

Akakataa. Mali ikishabadilishwa imebadilishwa, na yeye giza likiingia anataka aonekane. Pumzi iliporudi nikamweleza habari ya mdogo wangu na vidole vyake. Akaitazama mikono yake mwenyewe, iliyojaa grisi ya mnyororo. Akasema basi nimletee kitu kingine chenye kumulika. Nikarudi nyumbani, nikang'oa kioo chekundu cha kumulika nyuma ya baiskeli yangu mbovu, nikamletea.

Kisha kwa shemeji. Simba kaenda kwa paka, tena na ndala moja. Hakunicheka, jambo lililoniuma zaidi. Akaziosha sidii kwa maji na kitambaa laini, akizifuta kutoka katikati kwenda ukingoni. Akaeleza kwamba anayesugua kwa kuzungusha anafuata mistari iliyobeba gemu yenyewe, akikwaruza hapo anaimaliza. Nikatazama dari.

Ana programu inayoimeza sidii nzima, kama chatu anavyomeza mbuzi, haichagui pembe wala kwato. Ikimaliza inalinganisha ilichomeza na sidii yenyewe. Tukazipitisha. Ile ya mpira wa miguu ikakataa katakata. Shemeji akaiinua juu, akaniona kupitia humo, akaiweka kando.

Ile ya magari ikaenda vizuri, ikakaribia mwisho, ikakwama. Ikakoroma. Ikanyamaza. Ikakoroma tena. Nikajikuta nimeshika ukingo wa meza. Nilikuwa naisikia ile sauti ya kwenye simu: hata ile ya magari? Shemeji akaitoa, akaipulizia, akaifuta polepole kama anayemfuta mtoto machozi, akairudisha.

Ikapita.

Hataki malipo. Anataka kesho, mbele ya watu, nimwite Injinia. Mara moja tu. Nikamwambia afadhali angeomba figo.

Jumamosi, 8 Machi

Mdogo wangu kaja. Kakonda. Mkono kauweka mfukoni, kama mgeni asiyetaka kutambulishwa. Shemeji kaleta kompyuta yake, kaiunganisha na televisheni yetu. Mna programu inayojifanya ile mashine yetu iliyoliwa na panya. Ukapiga ule muziki wa mwanzo. Mdogo wangu akautoa mkono mfukoni bila kujua.

Mbio za kwanza gari lake liligonga ukuta. Za pili, ukuta uleule. Mke wangu akajifanya anahesabu vikombe. Baadaye kidole cha shahada kikakunjika, kidogo tu, kikabonyeza. Gari likakata kona. Akanipita. Nitasema nilimwachia. Sikumwachia, nilikuwa natafuta breki.

"Kaka," akasema, macho yakiwa palepale kwenye kioo, "bado unaendesha kama ulivyokuwa unabeba kokoto."

Nikaanzisha mbio nyingine.  

Alipopumzika akauliza ni nani hasa aliyezihifadhi vizuri namna hii. Wote wakanigeukia. Nikaanza kueleza: usiku na mchana, jasho, mwizi mmoja mwenye baiskeli niliyemkamata kwa mbio zangu za ujanani. Shemeji akakohoa. Nikaendelea kidogo. Akakohoa tena, kikohozi cha mtu anayekaribia kuvuta waya ukutani. Nikasema, kwa sauti ya kuomba chumvi, "Na huyu Injinia alinishikia taa."

Mama watoto akainuka, akaenda kuchungulia chooni. Akarudi akasema hajaona jua.

Jumapili, 9 Machi

Mdogo wangu kaondoka na nakala yake. Ametupungia kwa mkono wa kulia. Vidole havikunyooka vyote, lakini vilipunga.

Injinia (kwenye shajara haihesabiki) kaniagiza sidii nizitunze mahali pakavu, na nakala yangu niiweke mahali pengine. Nimetafakari. Mahali pakavu ni katoni. Mahali pengine ni kona ya pili ya katoni. Panya hawajui mambo ya kidijitali.

Mchana bosi kapiga simu. Ijumaa, nikiwa mgonjwa, ile kompyuta ya stoo ilitoa moshi ikazimika. Jana kamwuzia mtu wa vyuma chakavu. Hana wasiwasi hata chembe, kwa sababu alinikuta kwa macho yake mwenyewe nikihifadhi. Wakaguzi wanakuja kesho. Akauliza tu, kwa uhakika: mahesabu yapo yote?

Hapo palikuwa na nafasi ya kusema kweli. Niliiona kabisa ikinipita, nusura niipungie.

"Yapo yote, bosi," nikasema. "Hata stoo iungue."

Mama watoto kaniuliza nimeahidi nini tena. Nikamwambia kitu kidogo, kazi ya kufumba na kufumbua. Sasa hivi natoka kumtafuta mtu wa vyuma chakavu. Na binti nimemtuma dukani akalete dawa ya meno. Tyubu kubwa.