Foleni ya Kituo cha Chai, Ikonge

Jumatatu, 6 Machi 1972

Nimeamua! Mwaka huu mwenyekiti wa kamati ya kituo cha chai ni mimi, Nyangau. Ondieki mwenye duka hushinda kila mara kwa sababu wapiga kura ni marafiki zake wachache. Wachumaji hawaji. Wanasema kamati ni ya wenye viatu. Huku wananyeshewa wakingoja kupimiwa majani, hata paa hakuna. Aibu! Nitawaamsha.

Jumanne, 7 Machi

Nimezunguka mashambani nikihubiri: kura ni haki yenu, akina mama! Mmoja ameniuliza kama nimekuja kuchuma au kuziba njia. Wengine wamesema wanamsikiliza Persis tu. Persis! Mama mkwe wangu! Kwetu mtu na wakwe zake hawasogeleani, ni heshima. Basi nimemtuma mke wangu Kemuma akamwombe. Akili ni nywele, na zangu ni nyingi.

Alhamisi, 9 Machi

Persis amekubali! Atawaleta wote, wamechoka na mvua. Nimemwambia Ondieki akapumzike dukani na sukari yake. Amecheka. Acheke! Kemuma ameuliza mama yake atasimama wapi siku ya kura. Nimemwambia asiniletee mambo madogo, anipigie koti pasi.

Ijumaa, 10 Machi

Ole wangu! Naibu wa chifu alitangaza kila mtu ajipange nyuma ya amtakaye. Nikasimama kifua mbele. Wachumaji wakaja, wengi ajabu, vikapu mgongoni, Persis akiongoza. Aliponiona akasita. Atajipangaje kisogoni kwa mkwewe? Akajitenga kando ya mzani, macho chini. Na akina mama? Wote nyuma yake! Nikapiga kelele kwamba foleni ni hii hapa. Nikawasogelea; Persis akarudi nyuma, foleni nzima ikarudi naye. Naibu wa chifu akahesabu. Mwenyekiti: Persis! Ondieki alishika kichwa. Nyuma yangu alikuwepo Kemuma peke yake, tena akimpigia mama yake vigelegele.

Jumapili, 26 Machi

Kituo kina paa. Mabati kabisa! Wachumaji sasa wanajaa vikaoni na kubishana kuliko wanaume. Mimi sihudhurii. Nikiingia, mwenyekiti ananipa mgongo, kikao kinasimama.

Haidhuru. Mwezi ujao kuna uchaguzi wa kamati ya josho, na naibu wa chifu amesema ni foleni tena. Nimeuliza wenye ng'ombe wanamsikiliza nani. Baba mkwe! Kesho asubuhi namtuma Kemuma.