Mzee Tuttle, Maiti wa Runinga

Jumatatu, 16 Juni
Festus kanidhalilisha tena. Kikao cha sendofu ya dada Vumilia, hapa Hyattsville, Marekani, kamati nzima inasikiliza. Yeye ndo MC, mdomo kama redio. Akauliza eti huyu bwana mdogo Fredy kazi yake nini, kuhesabu viti? Wakacheka. Mpaka mama mdogo kacheka! Nikaropoka. Nikasema mimi naleta mgeni rasmi, staa wa filamu kutoka Uingereza. Nikaenda kujifungia chooni.

Jumatano, 18 Juni
Staa kweli ninaye. Mzee Tuttle, yuko nyumba ya wazee Germantown ninapofanya usafi. Kacheza filamu na runinga kwao miaka yote, na miaka yote alikuwa maiti. Kanionyesha kwenye simu. Mpishi, kalishwa sumu. Polisi, kapigwa risasi. Askofu, kazama bwawani. Anakufa kabla majina ya waigizaji hayajaisha! Mara moja tu walimpa maneno. Akauliza nani yuko mlangoni, akanyongwa.

Nikamwambia kuna ukumbi mzima unamsubiri. Akaanza kunyoa ndevu hapo hapo.

Shida ni bosi, Sista Lorraine, nesi Mkenya, hacheki. Alishasema: atakayemtoa mzee bila ruhusa, kazi kwaheri. Na mimi bila kazi, baba mdogo ananitoa sebuleni kwake ninapolala. Alishasema na yeye.

Ijumaa, 20 Juni
Mpango umeiva. Kesho ndo sendofu, na Lorraine hayupo zamu. Nimeuliza huku najifanya napiga deki. Rafiki yangu Cosmas ataleta gari mlango wa jikoni.

Jumamosi, 21 Juni
Nimekwisha!

Kutoka tulitoka salama. Mzee suti, marashi. Tunaingia ukumbini, vigelegele, Festus kanuna. Naangalia meza ya mbele: Sista Lorraine! Na kitenge! Kumbe alishafanya kazi na dada Vumilia, kaomba ruhusa aje huku huku. Nikamficha Mzee nyuma ya ndafu, yule mbuzi mzima wa kuchoma. Nikamwomba atulie tu.

Festus, roho mbaya, katangaza mgeni rasmi apite mbele aseme neno. Mzee huyoo. Kashika maiki. Kaangalia watu, macho yamemjaa machozi. Halafu akashika kifua, akazunguka, akaanguka chali.

Lo! Ukumbi mzima manesi na watunza wazee! Hakuna aliyepiga makofi. Viatu virefu vikavuliwa, viti vikaruka. Huyu kashika mshipa, yule anafungua tai, wanagombania kumbonyeza kifua! Wanaambizana toka wewe, mimi ndo niko ICU. Lorraine kawasukuma wote, kapiga magoti, kanyoosha mikono. Hapo ndo kamtambua. Mzee akafungua jicho moja, akamwomba asubiri kidogo, bado hajamaliza kufa.

Ukumbi ukalipuka. Wakamfunga khanga begani, wakacheza naye. Festus anaongea na maiki peke yake.

Mimi nilikuwa chini ya meza. Lorraine aliinama, akainua kitambaa. Hakupiga kelele, ndo ikatisha zaidi. Akasema Jumatatu nisijisumbue kuja.

Jumanne, 24 Juni
Kazi hakuna. Baba mdogo kasema Jumapili niwe nimehama. Nimekaa, nimewaza sana. Nimejua nilipokosea. Jukwaa lilikuwa chini mno.

Mchana wamenipigia kamati ya harusi kutoka Annandale, wanamtaka Mzee. Nimempigia. Anasema filamu moja alitupwa kutoka ghorofani.

Nimeenda kuangalia ukumbi wao. Una ngazi nzuri sana.