Namba Mia Zinazosomeka Kichwa Chini

Jumatatu, 4 Mei

Kazi kubwa imeingia karakana! Ukumbi mpya wa maonyesho unafunguliwa Jumamosi na viti vyote vinataka namba. Viti mia tisa tisini na tisa. Kila kiti kibati chake, kuanzia 1 hadi 999. Namba inayogawanyika kwa tatu ipakwe nyekundu, nyingine zote nyeusi. Mwenye ukumbi ndivyo anavyopenda, eti macho ya watu yasichoke.

Kisha Bosi akatoa la pili. Msimamizi wetu wa zamani amestaafu. Atakayeonyesha akili kwenye kazi hii ndiye atakayeshika nafasi yake. Jina litatangazwa Jumamosi, pale pale ukumbini.

Mama mkwe wangu anajua kwamba mimi ni msimamizi tangu mwezi uliopita! Nilimwambia mwenyewe kwa simu. Alikuwa ananisifu, ulimi ukateleza, basi. Keshawatangazia majirani mtaa mzima. Jumamosi anakuja kwenye ufunguzi, na kashona gauni jipya kwa ajili ya siku hiyo. Kwa hiyo ama niwe msimamizi kweli kabla ya Jumamosi, ama nitafute pa kuuficha uso.

Mpinzani ni mmoja tu. Shemeji. Kaka wa mke wangu, mtoto wa kuzaliwa wa huyo huyo mama mkwe. Meza yetu moja, kopo la rangi moja. Uongo wangu anaujua wote na hajamwambia mama yake. Nilipomuuliza kwa nini, alisema anataka kuona nitakavyojinasua. Mtu ana roho gani huyu!

Jumanne, 5 Mei

Tumekata vibati vitupu 999. Shemeji amevihesabu mara mbili. Mimi nilimwambia mara moja inatosha.

Jambo la ajabu asubuhi. Shemeji kachukua kiolezo cha 147, bila kufikiri kachovya brashi kwenye nyekundu. Nikamuuliza kajuaje kwamba inagawanyika kwa tatu, au kahesabu toka mwanzo? Akasema unajumlisha tu tarakimu zake. Moja na nne na saba ni kumi na mbili, na kumi na mbili inagawanyika kwa tatu. Basi nyekundu.

Nilidhani ananichezea. Nikajaribu 174. Nyekundu. 417. Nyekundu! Unazichanganya unavyotaka, unazipanga upya, bado nyekundu. Nimepaka namba miaka kumi na moja na hakuna aliyeniambia. Nilisimama na brashi mkononi mpaka rangi ikadondokea kiatu.

Lakini hilo lilikuwa utangulizi. Vibati vikishapakwa tunavianika kwenye waya kwa vibanio. Mchana nikapita chini ya waya, nikaona 891. Nikashtuka. Leo hatujafika hata mia mbili, nani kapaka 891? Nikasogea. Lo! Kilikuwa kibati changu cha 168, nimekibana kichwa chini.

Nikakigeuza. 168. Nikakipindua. 891. Nikakigeuza tena. Namba mbili ndani ya kibati kimoja, zimekaa kimya siku zote hizo kama wapangaji wasiosalimiana. Nikamtazama Shemeji. Hakuona kitu. Nikameza siri yangu.

Jumatano, 6 Mei

Swali la leo: kutoka 1 hadi 999, namba ngapi zinasomeka kichwa chini?

Kwa violezo vyetu ni tarakimu tano tu zinazokubali. 0, 1 na 8 zinabaki vile vile, maana 1 yetu ni kijiti kitupu. 6 inakuwa 9. 9 inakuwa 6. Nyingine zikipinduliwa ni vituko.

Nikaziandika nyuma ya karatasi ya oda. Mara ya kwanza nikapata 97. Mara ya pili 103. Saa ya chakula nikahesabu mara ya tatu nikapata 97 tena, ila si zile zile za kwanza. Shemeji akapita na sahani yake akauliza kama naandika orodha ya wanaonidai. Nikageuza karatasi.

Kisha nikatulia. Nikajiambia, wewe, acha kuziokota moja moja. Zijenge. Namba ya tarakimu tatu: mwanzo haiwezi kuwa sifuri. Mwisho nao hauwezi, maana ikipinduliwa sifuri itakuja mbele. Basi mwanzo zina nafasi 1, 6, 8, 9. Nne. Katikati zote tano. Mwisho nne. Nne mara tano mara nne, themanini. Za tarakimu mbili: nne mara nne, kumi na sita. Za tarakimu moja: nne.

Themanini na kumi na sita na nne.

Mia! Mia kamili! Si 97, si 103. Nilikaa chini kwenye kopo la rangi, na kopo halikuwa na mfuniko. Sikujali. Nani alizipanga hivi? Hakuna aliyezipanga, na bado zimekaa sawasawa kama vikombe kabatini. Machozi yalinilenga, nasema kweli.

Nikamwambia mke wangu jioni. Ziko mia kamili, nikamwambia. Akasema haya, vizuri, na lile bomba la jikoni linalovuja nitalitengeneza lini? Nikamwonea huruma.

Halafu akili ikafanya kazi. Katika hizo mia, kumi na nane ukizipindua zinabaki zenyewe: 69, 88, 619 na wenzao. Zinabaki themanini na mbili, na hizo zimeoana mbili mbili. Jozi arobaini na moja. 168 na mwenzake 891. 86 na mwenzake 98. Sasa, kama kibati kimoja kina namba mbili ndani yake, kwa nini nipake viwili? Nipake kimoja kwa kila jozi! Vibati arobaini na moja nimeviokoa! Atakayeonyesha akili, alisema Bosi. Nani mwingine?

Tena leo ni tarehe 6. Ipindue: tarehe 9. Jumamosi! Kama hiyo si ishara, basi ishara hazipo.

Alhamisi, 7 Mei

Niliamka na hofu. Rangi! Namba nyekundu ikipinduliwa ikawa namba ya kupakwa nyeusi, mpango umekufa.

Nikajaribu 168. Moja na sita na nane, kumi na tano, nyekundu. 891: nane na tisa na moja, kumi na nane, nyekundu. Sawa, bahati. 86: kumi na nne, nyeusi. 98: kumi na saba, nyeusi. Nikazipitia jozi zote arobaini na moja. Nyekundu na nyekundu. Nyeusi na nyeusi. Hakuna hata moja iliyosaliti rangi yake!

Sikuweza kuvumilia. Nikamuuliza Shemeji, nauliza tu, kwa mfano, mtu akipindua namba, kwa nini rangi haibadiliki? Akafikiri kidogo sana. Akasema 6 ikiwa 9 umeongeza tatu, 9 ikiwa 6 umepunguza tatu, na tatu haiwezi kuwasumbua watu wa tatu. Akaendelea kupaka.

Tatu haiwezi kuwasumbua watu wa tatu. Nilimchukia na nikataka kumkumbatia. Hivi vitu vimekuwepo tangu zamani, chini ya pua zetu, na sisi tunawaza chakula cha mchana!

Nimelichukua kama jibu. Namba zenyewe zimenikubalia mpango. Nimejipa hizo mia zote nipake mwenyewe, na pale jozi ilipokuwa imeshapakwa yote, kibati kimoja nimekifuta kikarudi kitupu. Kuna dosari moja ndogo. Desturi ya karakana, niliyoifuata miaka yote bila kuifikiria, ni kuchora kamstari chini ya namba ya aina hii kabla ya kufunga maboksi, ili fundi ajue kichwa ni wapi na miguu ni wapi. Kamstari kangeniharibia. Sikukachora.

Vibati vitupu arobaini na moja nimevificha chini ya meza, ndani ya aproni yangu ya zamani. Ndiyo ushahidi wangu kwa Bosi.

Ijumaa, 8 Mei

Maboksi yameondoka. Bosi aliniuliza kama namba zote zimo. Nikamwambia kila namba kutoka 1 hadi 999 imo ndani ya maboksi hayo. Sikudanganya hata neno moja! Akasaini.

Shemeji akanitazama. Akauliza mbona leo natabasamu na meza yangu. Nikamwambia awe na subira, kesho atasikia. Nikaenda kunywa chai, nikakaa muda mrefu, kwa furaha.

Mama mkwe kafika alasiri. Kanikumbatia, kaniita msimamizi wangu mbele ya mke wangu. Mke wangu akatazama bomba. Tiketi ya Mama ni kiti 168. Nilimchagulia mimi. Safu za mbele, namba nyekundu, namba niipendayo kuliko zote.

Jumamosi, 9 Mei

Naandika kwa mkono mzito.

Tulifika mapema. Nikamshika Mama mkono, tukatembea kufuata namba. 165. 166. 167. Kisha kiti kitupu, hakina kibati. Kisha 169. Mama akavaa miwani. Akauliza mia sitini na nane iko wapi. Nikamwambia ipo, Mama, ila ipo kule nyuma. Akauliza inafanya nini nyuma. Nikampeleka. Kati ya 890 na 892, kile pale, kibati changu, kimepigiliwa misumari na kinasomeka 891. Nikamwambia ainame. Akainama, akageuza shingo, kitambaa cha kichwa kikaanguka. Akakaa hivyo muda. Kisha akasema, jamani, kweli, mia sitini na nane! Akacheka kama msichana. Akainama tena.

Naapa hiyo ndiyo dakika bora ya maisha yangu. Haikufika mbili.

Maana nyuma yetu watu walikuwa wanazunguka na tiketi. Viti arobaini na moja havina namba! Mwenye ukumbi anapaza sauti. Bosi anakuja mbio, shati limelowa jasho, anauliza nani msimamizi wa upuuzi huu. Alikuwa anauliza kwa hasira tu. Cheo chenyewe kilikuwa bado hakina mtu.

Mama mkwe akanyooka. Akaokota kitambaa chake. Akanishika bega, akamwambia Bosi kwa sauti ya kusikika hadi jukwaani kwamba msimamizi ni mkwe wake, huyu hapa, tangu mwezi uliopita.

Bosi akauliza: tangu lini? Mama akarudia. Majirani zake wawili walikuwepo. Nilitamani sakafu inimeze na viatu vyangu.

Nikajitetea. Nikamwambia Bosi kwamba namba zote zimo, nimeokoa vibati arobaini na moja, kila kibati kinabeba namba mbili. Akaniuliza polepole, kama anaongea na mgonjwa: na viti ni vingapi? Ukweli ni kwamba upande wa viti nilikuwa sijaufikiria.

Ndipo Shemeji akaja na mfuko. Jana, nikiwa kwenye chai, alichungulia chini ya meza, akakuta aproni, akahesabu vibati vitupu na kuelewa kila kitu. Akavipaka vyote arobaini na moja. Sasa akaangalia kila kiti kisicho na namba, akachora kamstari upande unaotakiwa. Akavipigilia kabla taa hazijazimwa. Hakunitazama hata mara moja. Afadhali angenicheka.

Bosi akatangaza. Msimamizi mpya ni Shemeji. Watu wakapiga makofi. Mama mkwe akapiga pia, ni mwanawe, angefanyaje? Lakini mkono mmoja aliurudisha begani kwangu, akasema kwa sauti ya chini kwamba ningemwambia tu.

Adhabu yangu: kuanzia Jumatatu nipite kiti kwa kiti nikichora kamstari kwenye namba zote zinazoweza kupinduliwa. Bosi akauliza zitakuwa ngapi. Nikajibu papo hapo: mia kamili. Zilizokosa kamstari ni hamsini na tisa, na kumi na nane kati ya hizo hazihitaji, maana zikipinduliwa ni zile zile. Akanikodolea macho. Mwenye ukumbi naye. Hata Shemeji aligeuka. Hakuna mwingine aliyejua! Niliondoka pale nimeaibika, nikiwa mrefu kidogo.

Jumapili, 10 Mei

Mama mkwe hajanisamehe, lakini asubuhi kaniita mezani na karatasi. Kaandika 609. Kaigeuza. 609! Akanitazama mdomo wazi. Tumekaa mpaka saa sita tukipindua namba, yeye na mimi, chai ikapoa. Akaniuliza kwa nini 6 na 9 ziko hivyo. Nikamwambia sijui, Mama, na ndio utamu wake.

Shemeji, siku hizi msimamizi, kapita kumsalimia mama yake. Kasema oda mpya imekuja: makabati ya chuo, namba 1000 hadi 9999. Akaenda zake kuangalia bomba letu la jikoni.

Nikavuta karatasi. Mwanzo nne, tano, tano, mwisho nne. Mia nne kamili! Mia nne! Mama akapiga meza. Zinazobaki zenyewe ni ishirini. Jozi mia moja na tisini.

Sasa nimeliona kosa langu. Arobaini na moja ni kidogo mno, ndiyo maana Bosi hakuona faida. Vibati mia moja na tisini hawezi kuvipuuza. Nimemweleza Mama kwamba cheo cha Shemeji ni cha muda tu, na kwamba Bosi ameshanidokeza nitakuwa msimamizi mkuu.

Kafurahi sana. Yuko kwenye simu sasa hivi, anawaambia majirani.