Wapangaji wa Tumbo la Mbuzi

Jumatatu, 5 Mei 2025
Mbuzi kafika! Jumamosi mshenga wangu, Venuste, atampeleka kwa Mzee Laurean, baba mdogo wa Leokadia. Mzee ametaka kitu kimoja tu: mbuzi mzima, anayesimama kwa miguu yake. Akikubaliwa, Leokadia ni wangu. Tatizo ni Solomon, mwenzetu huku ughaibuni. Mbuzi wake wa posa, mwaka jana, bado anasifiwa kwenye kundi letu la WhatsApp. Wangu lazima amzidi kwa unene. Venuste, Mrundi mwenye yadi Beltsville, kanipa banda pamoja na onyo: mbuzi ni wa majani. Atajua nini? Nimempikia ugali, sufuria mbili. Kafagia!

Jumatano, 7 Mei
Balaa. Mbuzi kalala. Tumbo limejaa kama ngoma, hacheui, hasimami. Venuste akauliza nimempa nini. Nikasema majani. Akanionyesha mabonge ya ugali kwenye ndevu za mbuzi. Aibu! Akampigia Jerotich, Mkenya wa kanisani kwetu, anayesomea matumbo ya ng'ombe chuo kikuu pale College Park. Kaagiza mbuzi apewe maji ya magadi, nami niende kwake kesho na chupa ya chai, tupu. Leokadia naye kapiga simu kuuliza hali ya mbuzi. Nikamwambia amepumzika. Si uongo.

Alhamisi, 8 Mei
Nimeona jambo! Yupo ng'ombe mwenye dirisha ubavuni. Dirisha! Lina kizibo cha mpira, na mwenyewe anakula majani bila habari. Jerotich kanivisha glovu mpaka begani, akaniambia nitie mkono mpaka tumboni. Mungu wangu, joto! Na mle ndani kunajikoroga kwenyewe, kama sufuria isiyohitaji mpishi. Kisha akanionyesha tone kwenye hadubini. Vidoti viwili viwili, vingine vimeshikana minyororo. Ni bakteria, na jenasi yao, yaani ukoo wao, inaitwa Ruminococcus. Hao ndio wanaovunja majani. Ng'ombe peke yake hawezi. Kijiko kidogo kimoja cha majimaji hayo kina bakteria wengi kuliko watu wote duniani. Nikavua kofia.

Jerotich akacheka. "Kwa ugali wako uli-feed wale wanaotoa asidi, boss. Asidi ikamaliza hawa." Miaka thelathini na nne nakula nyama ya mbuzi, sikujua kila mmoja ana taifa tumboni!

Akajaza chupa majimaji ya tumbo la ng'ombe mpaka mdomoni, maana hewa huwaua. Basi la kurudi likapitishwa njia ndefu kwa ajili ya ujenzi wa reli. Harufu! Abiria wakahama viti. Mimi nikaikumbatia chupa kifuani kwa heshima. Jioni Venuste akamnywesha mbuzi, kidogo kidogo.

Ijumaa, 9 Mei
Anacheua! Nimepiga magoti bandani na kulia, nakiri. Wageni wale wameingia tumbo lisilo lao na kuanza kazi bila hata kuonyeshwa jiko.

Jumamosi, 10 Mei
Siku yenyewe. Mbuzi kasimama. Kakonda, ila kasimama. Mila ni kwamba mwoaji hafungui mdomo, mshenga ndiye anayesema. Venuste kasema vizuri mno. Mzee Laurean akaguna tu kwamba huyu mbuzi mwembamba, akaelekea kukubali.

Nikashindwa kuvumilia. Mwembamba? Nikasimama nikawaambia wazee wasimdharau, humo ndani wamo matrilioni, wametoka tumboni mwa ng'ombe, na nimewabeba mimi mwenyewe kwenye chupa ya chai. Shangazi mmoja akaweka kikombe chini, taratibu. Mzee akauliza kama mbuzi aliugua. Nikakiri, na ugali nikautaja.

Faini: mbuzi wa pili, Jumamosi ijayo, la sivyo posa inarudi. Leokadia kanitumia ujumbe: "Respicius, please, this time majani tu. Nakuomba."

Jumapili, 11 Mei
Mbuzi wa pili yupo bandani. Venuste kaniapisha kwa Biblia: majani tu. Nimempa majani. Kweli kabisa. Kisha nikaweka sikio ubavuni kwake, nikawasikia. Wanafanya kazi mchana na usiku, bila likizo, bila shukrani. Mimi ni msafishaji wa hoteli, kazi ya namna hiyo naijua. Umati wote huo, na chakula chao nyasi kavu! Moyo umekataa. Kosa lilikuwa ugali, ni mzito mno. Nimewapikia wali wa nazi.